Tungo Zisizo na Anwani: Jina, Mlengwa na Mkono wa Mhariri katika Ushairi wa Kiswahili

Watahiniwa wetu wa kidato cha nne, wakaapo kuifanya karatasi ya tatu ya Kiswahili, mara nyingi huwekewa shairi lililoondolewa kichwa, kisha huulizwa swali ambalo wamelizoea kama salamu: "Lipe shairi hili anwani mwafaka." Alama zake ni chache, moja au mbili, na yeyote aliyewahi kusahihisha anajua kwamba swali hili ndilo linalomwokoa mtahiniwa dhaifu. Akiona neno "umoja" limerudiwa mara tatu ataandika "Umoja", na msahihishaji atampa alama yake bila kusita. Hakuna anayedhurika. Hata hivyo, swali hili dogo limebeba nadharia nzima ya fasihi, na nadharia yenyewe ni nadra kuhojiwa. Linachukulia kwamba shairi lisilo na anwani lina upungufu unaopaswa kuzibwa. Linachukulia pia kwamba anwani si chochote ila muhtasari wa maudhui, kitu ambacho msomaji makini anaweza kukichota ndani ya matini na kukibandika juu yake.

Makala haya yanakusudia kuyatilia shaka madai yote mawili kwa kurejelea tungo za Kiswahili ambazo watunzi wake hawakuzipa majina. Mwandishi hajitoi katika lawama zitakazofuata; ana lake la kukiri, nalo litafika mahali pake.

Tuanze na neno lenyewe. Katika uhakiki wetu hutumika jina, kichwa, mada na anwani kana kwamba yote ni mamoja. La mwisho ndilo lililoshika mizizi madarasani, nalo ndilo lenye siri. Anwani limetokana na neno la Kiarabu, unwan, na katika lugha zote mbili lina maana mbili: ni jina la kitabu au utungo, na ni maelezo ya mahali barua inakopelekwa. Anayeandika bahasha huandika anwani. Anayeandika shairi huandika anwani. Msomaji wa leo huona hapa maana mbili zilizokutana kwa bahati. Twaona sisi kwamba historia ya ushairi wa pwani inauweka uhusiano huo wazi kuliko kamusi. Tungo nyingi za kale hazikuwa na anwani kwa maana ya kwanza kwa sababu zilikuwa nayo kwa maana ya pili. Zilijua zinakokwenda. Zilipopoteza mahali pa kwenda ndipo watu wengine walipoanza kuzitafutia majina.

Mfano ulio karibu ni wa Muyaka bin Haji wa Mombasa, aliyefariki yapata mwaka 1840. Mashairi yake hayakukusanywa naye. Yaliishi vinywani na vifuani mwa watu kwa takriban nusu karne, hadi Mwalimu Sikujua bin Abdallah alipoyaandika kwa ajili ya William Taylor, mmisionari Mwingereza aliyekaa Mombasa katika miongo ya mwisho ya karne ya 19. Karatasi hizo zilifika London, katika maktaba ya SOAS. Kutokana nazo William Hichens alitoa diwani mwaka 1940, na Mohamed Hassan Abdulaziz akatoa uchunguzi wake mpana mwaka 1979. Basi baina ya mshairi na msomaji wa darasani wamesimama watu wanne au zaidi, na kila mmoja alikuwa na haja ya kulitenga shairi hili na lile. Mwenye kukariri hahitaji kichwa. Mwenye kupanga karatasi anakihitaji.

Muyaka alitunga katika mji wa Mazrui, katika zama za uhasama na Lamu, kisha na Seyyid Said, hadi utawala wa Mazrui ulipoanguka mwaka 1837. Sehemu kubwa ya ushairi wa kisiasa wa zama hizo ilikuwa ya majibizano. Shairi lilitoka Mombasa likafika Lamu, na Bwana Zahidi Mngumi au mwingine akalijibu. Shairi la namna hiyo lilikuwa mjumbe. Aliyelipokea alijua limetoka kwa nani, linamjibu nani na linamchoma nani. Je, mjumbe anayebisha hodi kwa aliyetumwa kwake huvaa kibandiko cha jina kifuani? Ibrahim Noor Shariff katika Tungo Zetu (1988) ametukumbusha jinsi ushairi wa pwani ulivyosheheni mafumbo na kujibizana, na mchango mkubwa wa Abdulaziz, kwa maoni yetu, ni kuyarudishia mengi ya mashairi hayo mazingira yake ya vita, siasa na maisha ya mjini. Twaweza kusema kwamba aliyarudishia anwani zake za awali, ijapokuwa hakulitumia neno hilo.

Vitabu vya shule havikufuata njia hiyo. Wanafunzi wetu wanalijua vyema shairi la Muyaka wanaloliita "Kimya". Hatuna sababu ya kuamini kwamba Muyaka alitamka neno hilo kama jina kabla ya kulighani shairi lake. Ni neno la mwanzo lililopandishwa juu. Kwa mtazamo wa kwanza hili ni jambo jepesi, kwa vile neno limo katika utungo na halikuletwa kutoka nje. Lakini tazama linavyotenda kazi. Likisomwa chini ya kichwa hicho, shairi hugeuka mawaidha ya jumla juu ya fadhila ya kunyamaza, na mwanafunzi huorodhesha faida za kunyamaza kama aorodheshavyo faida za maziwa. Likisomwa kama neno lililotupwa kwa mtu fulani katika mji wenye uhasama, lasikika lina makali ya tishio. Hatudai kwamba usomaji wa pili ndio sahihi. Tunadai kwamba kichwa kimeufunga mlango wake kabla msomaji hajafika.

Mfano ulio mzito zaidi ni ule wa utendi wa Mwana Kupona binti Mshamu. Utendi huu ulitungwa mwaka 1858, sawa na 1275 wa Hijria. Twaujua mwaka huo kwa sababu mtunzi mwenyewe ameutaja katika beti za mwisho, pamoja na jina lake na mahali alipozaliwa, yaani Pate. Mwanzoni anamwita binti yake, ambaye mapokeo yanamtaja kuwa Mwana Hashima, akae karibu na alete wino na karatasi. Hebu msomaji ayahesabu: mpelekaji, mpokeaji, mahali na tarehe. Yamo yote ambayo huandikwa kwenye barua na bahasha yake. Kitu kimoja tu hakimo, nacho ni jina la utungo. Mtunzi aliyekuwa mwangalifu kiasi cha kutaja mwaka hakusahau kichwa. Hakukihitaji.

Lipo, hata hivyo, neno analolitumia kuueleza utungo wake, nalo ni wasia. Ni mgonjwa wa mwaka mzima, na anamwachia mwanawe maneno. Neno hili lilikuwa mbele ya macho ya kila mhariri. Alice Werner na William Hichens walipouchapisha utendi huo mwaka 1934 waliuita kwa Kiingereza jina lenye maana ya "mashauri ya Mwana Kupona juu ya wajibu wa mke". Beti zinazohusu jinsi ya kumtunza na kumridhisha mume zimo, tena si haba, na haifai kujifanya kwamba hazimo. Lakini utendi una mambo mengine: dini, adabu, namna ya kukaa na watu wa kila tabaka, na kwenye sehemu ya mwisho dua ndefu ambazo mama anawaombea wanawe na jamaa zake, na kuomba aponywe. Kichwa cha mwaka 1934 kiliinyanyua sehemu moja kikaifanya kuwa yote.

Matokeo yake hayakuishia kwenye jalada. Kwa muda mrefu mjadala kuhusu Mwana Kupona umekuwa ni wa kumlaumu kwa kumfunza binti utumwa wa ndoa, au wa kumtetea kwa kuonyesha kejeli na hekima ya mamlaka iliyojificha katika maneno yake, kama alivyofanya Ann Biersteker katika makala yake ya 1991 yanayoutazama upya utendi huu. Tunaiheshimu sana kazi hiyo ya pili. Hata hivyo, wanaolaumu na wanaotetea, kwa kiasi kikubwa, wanajibu swali lililoulizwa na kichwa: je, mke awe vipi? Usomaji utakaoanza na neno la mtunzi mwenyewe utauliza swali jingine: anayekaribia kufa humwachia nini anayebaki? Mume wa Mwana Kupona, Bwana Mataka wa Siu, alikuwa amepambana na utawala wa Zanzibar, na sasa alikuwa hayupo. Binti alikuwa anaingia katika ulimwengu ambao wenye nguvu walikuwa wengine. Kwa mtazamo huo mashauri ya ndoa yanakaribia kuwa masurufu ya safari, sehemu ya vile anavyofungashiwa msafiri asiyejua atafikia kwa nani. Huenda bado tukayachukia. Lakini tutakuwa tunakichukia kitu kingine.

Jina ambalo Waswahili wenyewe wameushikilia nalo, Utendi wa Mwana Kupona, halisemi lolote juu ya maudhui. Linasema umetoka kwa nani. Kwa hoja yetu, jina hilo ni aminifu kuliko lile la 1934, kwa sababu limebaki upande wa bahasha.

Huenda ikadaiwa kwamba tunawatafutia wahenga falsafa katika jambo la kawaida: hawakuwa na desturi ya vitabu vilivyopigwa chapa, basi hawakuwa na desturi ya vichwa. Dai hili halisimami. Sayyid Abdalla bin Ali bin Nasir, mtunzi wa Al-Inkishafi, alijua kuupa utungo jina na aliupa. Katika beti za mwanzo anaufananisha utungo wake na koja lililotungwa kwa lulu, kisha analitaja jina lake waziwazi. Jambo ambalo halijazingatiwa vya kutosha ni mahali alipoliweka. Hakuliweka juu ya ukurasa, mahali ambapo nondo na maji ya chumvi huanzia kazi yao, na ambapo mnakili mwenye haraka huenda akaacha. Aliliweka mwishoni mwa kipande, kwenye kina, likiwa limefungamana na vina vya vipande viwili vilivyotangulia. Hawezi mtu kulitoa jina hilo pasipo kuuvunja ubeti. Mtunzi aliyetaka jina lidumu alijua pa kulificha.

Kwa nini basi huyu aliona haja ambayo Mwana Kupona hakuiona? Twadokeza jibu, wala si zaidi ya dokezo. Mwana Kupona anasema na binti aliyeketi mbele yake. Muyaka anasema na hasimu, mwenzi au mji. Al-Inkishafi inasema na moyo wa mtunzi mwenyewe. Utungo ulioelekezwa ndani haungojwi mlangoni na mtu yeyote. Ukitoka nje unatoka ukiwa mgeni kwa kila atakayeusikia, na mgeni hujitambulisha. Ikiwa dokezo hili lina ukweli, basi jina na mlengwa ni vitu vinavyozibiana nafasi: pale mlengwa anapokuwa bayana jina hulala, na pale mlengwa anapokosekana jina huamka.

Wala jina lililotolewa na mtunzi halina hakika ya kufuatwa. Kila mwezi wa Mfungo Sita, katika miji yote ya pwani, husomwa maulidi ambayo mtunzi wake, al-Barzanji, aliyapa jina la fahari lenye maana ya kidani cha johari. Ni wangapi miongoni mwa wanaoyasoma wanaolitumia jina hilo? Watu husema "Barzanji" na kuendelea na udi na halua. Hamziya inaitwa kwa herufi ya kina chake. Utendi ambao Bwana Mwengo alihusishwa nao mwaka 1728 unaitwa Utendi wa Tambuka na wengine, na Chuo cha Herkali na wengine. Jumuiya ina njia zake za kuziita kazi zake, na njia hizo aghalabu hutaja mtu, tukio, mahali au sauti. Ni nadra kutaja dhana. "Uzalendo", "Wema", "Subira" na ndugu zao ni vichwa vya darasani.

Kilichobadilisha mambo ni soko la wasiojuana. Gérard Genette, katika kitabu chake Seuils (1987), anakihesabu kichwa miongoni mwa vizingiti vya matini, na anakipa kazi ya kuitambulisha kazi, kudokeza yaliyomo na kumvuta mnunuzi. Nadharia yake ni ya manufaa mradi tukumbuke kwamba anazungumzia kitabu, bidhaa inayoletwa mbele ya mtu asiyemjua mwandishi. Kizingiti ni cha nyumba yenye mlango wa barabarani. Siti binti Saad na wenzake waliporekodi huko Bombay mwaka 1928, nyimbo zilizokuwa zikitambulikana kwa wasikilizaji wa Zanzibar kwa visa vyake ziliingia katika sahani za santuri, na santuri huuzwa kwa kibandiko. Hata hivyo kisa hakikushindwa upesi. Ule wimbo wa mauaji umeendelea kuitwa kwa jina la mtuhumiwa, Kijiti, kana kwamba kesi ingali barazani.

Kuanzia hapo twaweza kuzungumza kwa haki juu ya maana ya kutotoa jina. Maadamu hakuna anayetarajia kichwa, kukosekana kwake hakusemi kitu. Msomaji anapokuwa amezoea kukikuta, kukosekana kwake kunakuwa usemi. Ni kosa la kihistoria, kwa hiyo, kumweka Muyaka kapu moja na mshairi wa leo anayeacha nafasi tupu juu ya ukurasa, tukawasifu wote wawili kwa "kumpa msomaji uhuru". Muyaka hakumpa msomaji uhuru wowote, hakumjua msomaji. Mshairi wa leo anamjua vyema, na anamnyima kitu anachojua kwamba anakitaka.

Kunyima huku kuna pindi kunakokuwa na uzito. Miaka kadhaa iliyopita mwanafunzi wa uzamili katika chuo kimojawapo aliwasilisha, pamoja na tasnifu yake, mkusanyiko wa mashairi juu ya ugonjwa na kifo cha mama yake. Hakuna hata moja lililokuwa na kichwa. Jopo lilimtaka aeleze, naye akasema kwa sauti ndogo kwamba nyumbani kwao ule ugonjwa haukuwahi kutajwa jina, tangu siku ya kwanza hadi matanga. Sote tuliokuwa chumbani tulielewa. Mmoja wetu akasema, kwa nia njema, kwamba kanuni za uwasilishaji zinadai vichwa. Baada ya majuma mawili mashairi yalirudi yakiitwa "Uwele", "Wodini", "Buriani". Yalikuwa yale yale, neno kwa neno, nayo yalikuwa yamekufa. Ukimya wa nyumba ile ulikuwa ndio fani yake. Tulimlazimisha autaje ugonjwa ambao mashairi yote yalikuwa yanauzunguka bila kuugusa. Mwandishi wa makala haya alitia sahihi pamoja na wenzake.

Tusije tukaeleweka vibaya. Kwa kila mkusanyiko wa namna hiyo kuna kumi ambayo haina vichwa kwa sababu ya uvivu tu. Tunapokea siku hizi kazi za wanafunzi kwa barua pepe, na faili zenyewe ni fasihi: "Shairi", "Shairi jipya", "Shairi jipya la mwisho", "La mwisho kabisa". Nyingine hazina jina hata hilo. Mwandishi amebofya pa kuhifadhi, na programu ya Word, isipopewa jina, imependekeza maneno ya mwanzo ya waraka, naye amekubali. Wenzetu wanaolicheka jambo hili wasisahau kwamba mashine imefanya kile kile alichofanya aliyelipa shairi la Muyaka jina "Kimya". Wakutubi wa miswada nao wamefanya hivyo kwa karne nyingi, kwani utungo usio na jina hutambulishwa kwa mshororo wake wa kwanza. Tofauti ni kwamba mkutubi anajua kwamba ametoa kitambulisho tu. Haji baadaye kuuliza kama kinaafiki maudhui.

Faili lisilo na jina, kwa maoni yetu, kwa kawaida ni utungo ambao haujaamua unakwenda kwa nani. Ungali ndani ya mashine, na jina litakuja pamoja na msomaji. Lakini kuna shairi jingine la siku hizi lisilo na jina, nalo linatuhusu zaidi: lile linaloandikwa kwenye simu na kutumwa kwa mtu mmoja. Vijana wa Likoni na wa Kakamega hutumiana beti za mapenzi, za kebehi na za kudai deni, wala hawaziwekei kichwa, kwa sababu namba ya mpokeaji ndiyo anwani. Hapo tumerudi kwa Muyaka bila kukusudia. Na hatima ni ile ile. Mpokeaji humpelekea mwenziwe, mwenziwe akampelekea wa tatu, na baada ya juma moja shairi linazunguka nchini bila mtunzi, bila mlengwa, likiitwa "shairi tamu". Mhariri atakayelikusanya miaka 50 ijayo atalikuta halina kichwa, na ole wake, na wetu, akiliita "Mapenzi".

Sasa niseme langu. Nilipokuwa nikifanya utafiti wa uzamifu, bibi mmoja wa Mji wa Kale, Mombasa, aliniazima daftari la marehemu babake, lenye mashairi yaliyoandikwa kwa hati za Kiarabu. Hayakuwa na vichwa. Baina ya shairi na shairi palikuwa na mstari mfupi wa wino na nafasi ya vidole viwili. Nilikuwa na msimamizi wa kuridhisha na yaliyomo ya kupanga, basi nikayapa majina. Sikuyatia alama yoyote ya kuonyesha kwamba ni yangu. Shairi mojawapo lilizungumzia chombo kilichorudi bandarini bila shehena, na mabaharia walioteremka bila kusalimiana na watu wa pwani. Nililiita "Majuto". Nikalijadili katika kurasa tatu kama shairi la mtu anayetazama maisha yake yaliyopotea, na nikaona nimesema neno.

Miaka ilipita. Siku moja mwanafunzi aliniletea insha juu ya "dhamira ya majuto katika ushairi wa Mombasa", na hoja yake ya kwanza ilikuwa kwamba mshairi mwenyewe ametuelekeza kwa kuchagua kichwa hicho. Insha ilikuwa nzuri. Nilishindwa kuandika chochote pambizoni.

Nilimwendea yule bibi, ambaye kwa wakati huo alikuwa haoni vyema. Nilimsomea beti mbili. Hakunisubiri nimalize, alicheka akasema, "Ah, lile la mahari!" Ndipo akanieleza kwamba babake alilipeleka kwa jamaa mmoja baada ya posa kurudishwa na maneno mabaya. Hapakuwa na majuto hata chembe. Lilikuwa tusi, tena tusi lililosukwa vizuri kiasi kwamba aliyetusiwa alilazimika kulisifu mbele za watu. Kumbe shairi halikuwa bila jina. Lilikuwa na jina la nyumbani, linalojulikana na watu saba au wanane, na hakuna mtafiti aliyewahi kuwauliza, kwa sababu mtafiti alikuwa mimi.

Nilipomwambia kwamba nitasahihisha, na kwamba toleo jipya litaliita "Lile la Mahari", alininyamazia kidogo. Kisha akasema kwamba hilo nalo lisiandikwe. Wajukuu wa nyumba ile ya pili, alisema, ni majirani zake, na mmoja wao ndiye anayemsomea dawa zake asubuhi asikosee chupa. Nimelitoa neno "Majuto" katika mswada. Shairi hilo ni la 14 kwa mpangilio wa daftari, na katika orodha limewekwa kwa maneno matatu ya mwanzo, ndani ya mabano ya mraba.